Ndege wa Vidoleni

Mtaa mzima wa Kibokoni hakukuwa na mpakaji hina wa kumfikia Mwanakuu, naye alilijua hilo kupita kiasi. Maua yake yalisifiwa kila arusi. Mwenyewe alikuwa ameyachoka.

Siku moja alikwenda dukani kwa Abdeali kununua uzi, akamkuta akizungusha kopo lenye matundu marefu ubavuni. Ukichungulia, farasi wengi waliochorwa ndani huwa farasi mmoja anayekimbia. Mwanakuu akasahau uzi.

Basi alipoitwa kumpaka Ummulkheir, binti wa Bi Shariffa, kwa arusi yake, aliacha maua. Upande wa ndani wa kila kidole cha mkono wa kulia alichora ndege yule yule, mbawa zikizidi kupanda. Vidole vikifunguliwa kimoja kimoja, ndege anaruka. Mkono ukafungwa kitambaa mpaka wakati wa bibi arusi kutolewa mbele ya wageni. Akamnong'oneza binti, "Watakapokuja kukutazama, fungua polepole."

Sasa niambieni, hiyo ni akili gani? Bibi arusi akitolewa hukaa kimya, macho kayafumba, hatikisi hata ukope. Heshima ya mamake yote iko hapo. Na Mwanakuu ndiye aliyekuwa akiwakanya wengine!

Kitambaa kikafunguliwa. Ummulkheir akakunjua vidole, ndege akaruka. Vigelegele vikakatika, kisha mtu mmoja akacheka. Bi Shariffa akamfunika mwanawe leso, mkono na uso.

"Ni nani alokufunda mambo haya?"

"Hapana mtu, mama. Ni utundu wangu."

Mwanakuu alikuwa amesimama papo hapo. Akainama kukikunja kile kitambaa. Alipoamriwa kuwafuta wale ndege kwa piko, ile rangi nyeusi, aliwapaka weusi mmoja mmoja, na binti macho bado kayafumba.

Tangu siku hiyo Ummulkheir aliitwa bibi arusi asiye haya. Mwanakuu aliitwa kwenye arusi nyingine, akaenda. Alichora maua tu, kichwa kakiinamisha, aibu ikimla. Akiiona nyumba ya Bi Shariffa alibadili njia.

Ummulkheir alipojifungua, alimwita ampake hina ya arubaini. Mwanakuu alikwenda akijua leo atasutwa, na moyoni alitaka asutwe. Ummulkheir alimnyoshea tu mkono wa kulia.

"Nipake yule ndege, Bi Mwanakuu. Wote walimuona akiruka. Mimi nalifumba mato, sikumuona."

Mwanakuu akakishika kidole cha kwanza, asiweze kumtazama usoni.