Mafundo ya Sanda

Mwaka wangu wa pili katika mkahawa wa Jumeirah Lake Towers, hapa Dubai, alianza kuja mwanamke mmoja wa Kiindonesia, mtu wa makamo. Alifika saa nne asubuhi, watu wa ofisini wakishapanda juu na vikombe vyao, akakaa dirishani na kompyuta yake. Nilimwita madam, kama tulivyofundishwa. Baada ya wiki moja akasema kwao Java vijana humwita dada, nami nikamwita hivyo.

Siku moja nilipompelekea chai ya tangawizi niliona picha kwenye kompyuta: maiti kavikwa sanda, kasimama wima, kafungwa utosini, shingoni, kiunoni na miguuni. Nikabaki na sinia mkononi. Mimi mtoto wa Malindi, na marehemu baba ndiye aliyekuwa akiitwa kuosha maiti mtaani kwetu. Sanda naijua.

Akaniomba radhi, akidhani amenikera, kisha akanieleza kazi yake. Aliandika hadithi za sinema za kutisha. Mizimu aliichukua kwenye simulizi za bibi yake, akaileta kwenye maghorofa na lifti za siku hizi. Huyu wa sanda huitwa pochong. Ni maiti aliyezikwa bila kufunguliwa mafundo, na kwa kuwa miguu imefungwa, hurudi kwa kurukaruka, akitafuta wa kumfungua.

Nikamwambia hata sisi hufungua. Maiti akishalazwa katika mwanandani, ule upenyo wa ubavuni mwa kaburi, aliyeshuka kumpokea humlegezea mafundo kabla ya kufukia. Ila kwetu sikuwahi kusikia kwamba akisahauliwa hurudi.

Akaweka kikombe chini, akataka kujua zaidi. Meneja alikuwa kaunta, kwa hiyo sikuweza kukaa. Nikafuta meza ya jirani polepole huku namsikiliza. Hadithi yake ilikuwa imekwama. Mtayarishaji wake kule Jakarta alitaka pochong aue watu sita katika jengo moja, na yeye hakuona sababu ya maiti yule kumuua yeyote. Akaniuliza, kama ningefungua mlango nikamkuta amesimama hapo, ningefanya nini.

Jibu lilinitoka kabla sijalifikiria. "Ningeangalia kama ni baba."

Ikabidi nimweleze. Baba alifariki mwezi wangu wa nne hapa Dubai. Habari zilinifikia asubuhi nikiwa kazini, na kufika alasiri walikuwa wameshamzika. Nikaendelea kutoa kahawa mpaka zamu ikaisha. Tangu siku hiyo nilikuwa nikizungumza na kaka yangu kila wiki, tukaongea habari za paa la nyumba, shule ya watoto, presha ya mama. Habari za maziko hatukuzigusa hata mara moja.

"Nani aliyemfungua?" akauliza.

Nikasema sijui. Akafunga kompyuta.

"Basi uliza. Si kwa ajili ya sinema yangu."

Ijumaa sikuwa na zamu. Nikaenda kwenye ngazi za jengo letu la Al Twar, maana chumbani tulikuwa watu sita, nikampigia kaka. Nikamuuliza nani aliyemfungua baba. Akaeleza kwamba alishuka yeye mwenyewe kaburini. Fundo la utosini lilikuwa limekazwa sana. Mzee mmoja aliyekuwa naye mle akataka kumsaidia, akakataa.

"La miguuni nililifungua kwa niaba yako," akasema. "Nimengoja sana uniulize. Nikafikiri hutaki kusikia."

Nikakaa pale pale kwenye ngazi, nikalia, na yeye alikuwa analia upande wa pili. Baadaye akanipa mama, tukaongea mpaka chaji ikaisha.

Dada nilimsimulia yote. Akaniomba ruhusa ya kuchukua hilo la mtu aliye mbali, nikampa. Akaandika upya: pochong wake sasa alimfuata binti aliyekuwa kazini ng'ambo babake alipozikwa, akirukaruka korido baada ya korido bila kumdhuru mtu. Mtayarishaji alikataa mara mbili. Ya tatu akakubali, mradi vitisho viwili vya kwenye lifti vibaki. Dada alisema anaweza kuishi na vitisho viwili.

Mwaka uliofuata sinema ilionyeshwa Deira kwa siku chache. Nilikwenda na mwenzangu wa chumbani, askari wa ulinzi kutoka Uganda, Mkristo, jitu la miraba minne. Nusu ya sinema aliitazama kwa nyuma ya kofia yake. Kwenye lifti ukumbi mzima ulipiga mayowe. Lakini binti alipopiga magoti na kuanza kufungua mafundo, mama mmoja wa mbele yetu akatoa kitambaa.

Tuliporudi kwa metro, mwenzangu akaniuliza baba yangu alikuwa mtu wa namna gani. Tulikuwa tumekaa chumba kimoja miaka mitatu na hakuwahi kuniuliza, wala mimi sikuwahi kusema. Nikaanza na redio alizokuwa akitengeneza barazani na jinsi alivyoimba taarabu kwa sauti mbovu mpaka majirani wakamsihi anyamaze. Akacheka, akataka nimwimbie kidogo. Nikamwimbia, vibaya vile vile, na tukapitiliza kituo chetu.