Bakuli la Bi Mize: ripoti niliyoandika baada ya kutembeza wageni Mangapwani

Wakuu, salaam zenu wote, wa visiwani na wa bara.

Mie humu ni msomaji wa siku nyingi, sijawahi kuchangia hata nukta. Leo nimejifunza pa kubonyeza, basi nabonyeza. Na-type kwa kidole kimoja, mnistahamilie.

Nnayoyaandika yamenitokea mwenyewe. Majina nimebadilisha, mengine yote ni vilevile. Atakayedhani nimetia chumvi ajue nimepunguza, maana kuna mambo mpaka leo naona haya kuyasema hata nikiwa peke yangu.

Haya.

Ilikuwa Unguja, miaka kadhaa baada ya Mapinduzi, miaka ya foleni. Wazee wenzangu humu wanajua. Unga foleni, sukari foleni, sabuni foleni. Mchele ulitoka kwa mgao, tena chenga tupu, ukipikwa unanuka gunia. Siku nyingi ilikuwa muhogo asubuhi na muhogo jioni. Ukikutwa na mchele mwingine, ule wa kuvushwa kwa chombo, hiyo ni magendo, na mtu wa magendo alikwenda ndani. Hapakuwa na mjadala.

Mie nlikuwa kijana wa mjini, Malindi, nakaa na mama yangu mjane. Nlikuwa na Kiingereza cha skuli na mdomo mwepesi, nikapata kazi ya kutembeza wageni. Wageni hawakuwa wengi zama zile, na hawakuachiwa kuzurura. Lazima watembezwe, na anayewatembeza lazima aandike ripoti.

Ripoti ilikuwa na mafungu manne. Wamekwenda wapi. Wameuliza nini. Wamekula nini. Wamesema nini.

Wenzangu waliandika mistari mitano wakaenda zao nyumbani. Mie, wakuu, nlikuwa na ugonjwa wa kalamu. Nlijaza kurasa. Bosi wangu alikuwa akizisoma kwa sauti ofisini, anacheka, anasema huyu kijana angefaa kuwa mwandishi wa vitabu. Nkirudi nyumbani kichwa kimevimba hakipiti mlangoni.

Sasa kuna siku akaniita. Wanakuja wageni watatu kutoka Ulaya, mabwana wawili na bibi mmoja, watu wa kuchunguza majengo ya kale. Niwatembeze magofu, niwapeleke mpaka Mangapwani, wale chakula cha kwetu, niwarudishe mjini kabla ya magharibi.

Halafu akasema, "Wale vizuri. Sitaki wakaandike kwao kuwa watu wa hapa wanashindia muhogo."

Nkamuuliza, mchele wa mgao wenyewe umekwisha, watakula nini?

"Kamwambie Bi Mize. Yeye atajua."

Bi Mize ndiye tuliyezoea kumpelekea wageni. Mjane wa pale Mangapwani, mpishi wa harusi, anajulikana mpaka mjini. Anakaa na bintiye Asha, na Asha alikuwa keshachumbiwa, harusi yenyewe imekaribia.

Nkapanda gari la abiria nkaenda. Nkamwamkia, nkamfikishia maneno ya bosi kama yalivyo. Alikuwa anachambua mboga. Aliacha, akanitazama kitambo, kisha akaniuliza kama hilo ni ombi au ni amri.

Nkamwambia, "Bi Mize, mie mjumbe tu."

Akasema, "Haya. Mwambie wageni watakula."

Na mie sikuuliza zaidi, nlikuwa na haraka ya gari.

Siku ya safari tukaondoka mjini asubuhi, dereva wetu Makame, mtu wa Tumbatu, mchache wa maneno, macho mbele. Tukaanza Maruhubi. Kasri lenyewe liliungua zamani, zimebaki nguzo na hodhi. Nkawaeleza habari za Sultani na wake zake, wakapiga picha, yule bibi akawa anapima nguzo kwa kamba. Tukapanda Kidichi kwenye hamamu la Kiajemi, ile nyumba ya kuogea ya zamani. Wakaingia, wakagusa mapambo ya ukutani, popo wakatupitia juu ya vichwa. Nlikuwa na raha zangu siku hiyo, nasema uongo mdogomdogo wa kunogesha, wao wanaandika.

Mangapwani tukaanza na pango. Tukamaliza na kile chumba cha watumwa.

Ambao hamjafika, ni shimo lililochongwa kwenye mwamba, limeezekwa juu, unashuka kwa ngazi. Biashara ya watumwa ilipopigwa marufuku, watu wakafichwa mle wasubiri chombo. Nkawaeleza wageni kuwa ukisimama juu hujui kama chini pana watu, mpaka mtu apige ukelele. Yule bibi alitoka nje akakaa juu ya jiwe, hakutaka kusema na mtu. Nkamwona ana moyo laini. Nkajisemea hiyo nitaiandika kwenye fungu la nne.

Saa saba tukafika kwa Bi Mize.

Wakuu, harufu ilitupokea tangu njiani. Makame akapunguza gari, akanitazama. Mie nkatazama dirishani.

Ametandika mkeka barazani, sinia katikati. Pilau. Si ile ya chenga. Pilau ya mchele mrefu, mwembamba, kila punje imesimama peke yake. Kando yake pweza wa nazi, kachumbari, chatini ya embe mbichi. Mie sikuwa nimeonja mchele wa namna ile tangu sijui lini. Mate yalinijaa mpaka nkashindwa kutafsiri.

Wageni wakala, wakasifu, wakaomba kuonyeshwa mapishi. Bi Mize akawaonyesha kwa mikono, kitunguu hivi, bizari hivi, wanacheka. Kisha akaniita jikoni. Akanipakulia sahani, akampakulia na Makame. Tukala tumesimama. Nlikula mpaka nkaona haya.

Wakati wa kuondoka akanipa bakuli la bati, lile jeupe lenye mdomo wa buluu, kalifunika kwa jani la mgomba. Ndani mna ukoko wa ile pilau.

"Mpelekee mama yako," akasema. "Yuko peke yake yule."

Mama yangu alikaa chini na ule ukoko, akautafuna taratibu, macho kayafumba. Akasema, "Huyu mwanamke ana mkono." Hakuniuliza mchele umetoka wapi. Watu wazima hawakuulizana hayo. Alichosema ni kuwa bakuli la watu halirudishwi tupu, kwa hiyo tusubiri apate cha kutia ndani yake kisha nilirudishe.

Jioni ile, kabla ya magharibi, nkaketi kuandika ripoti.

Fungu la kwanza sawa. La pili sawa. La tatu, wamekula nini.

Ingetosha kuandika pilau na pweza. Mngesoma mngeona hakuna neno. Lakini mie, mwandishi wa vitabu, nkaandika kuwa wageni walilishwa pilau ya mchele mrefu mwembamba kama ule wa zamani, punje haishikani na mwenzake, inanukia tangu barabarani. Maneno hayo nayakumbuka yote, yanakuja yenyewe hata nikiwa sijayaita. Nkaipeleka ripoti asubuhi, nkasubiri bosi acheke.

Bosi alicheka. Akaisaini, ikapanda kwa wakubwa zake. Na huko juu alikuwepo mtu asiyecheka.

Siku chache baadaye Makame alinifuata mpaka kwetu. Hajawahi kufika kwetu hata siku moja. Hakuingia ndani. Akaniuliza, "We bwana, uliandika nini kule?"

Akanieleza kuwa watu wa serikali wamekwenda kwa Bi Mize mchana wa jua. Wamepekua. Uvunguni wamekuta mtungi, umefunikwa kwa makuti, ndani mna mchele uliobaki, na yeye wamemchukua. Kaka yake alimletea kwa chombo, kidogokidogo, aliuweka kwa ajili ya harusi ya Asha. Ndio aliotupikia. Alichota kwenye harusi ya mwanawe ili ofisi yetu isiaibike mbele ya wageni.

Mie nkakaa kizingitini.

Nkamkimbilia bosi. Nkamwambia, si wewe uliyesema wale vizuri? Hakuinua uso. Akasema yeye alisema chakula kizuri, hakusema magendo, na kama nnapenda kazi yangu nirudi mezani kwangu.

Nkarudi mezani kwangu. Ndiyo, nlirudi.

Kesho yake nkaitwa niende kuthibitisha ripoti yangu. Chumba kidogo, meza, mtu mmoja anaandika. Bi Mize kakaa kwenye benchi, kajitanda kanga, viatu kavuliwa. Yule mtu akanisomea fungu langu la tatu, neno kwa neno. Akaniuliza kama ni mwandiko wangu. Nkasema naam. Akaniuliza kama mwanamke aliyepika ni huyu. Nkasema naam.

Kisha akaweka kalamu chini akaniuliza, "Na wewe ulikula?"

Wakuu, aliyekula magendo na kunyamaza naye ni wa magendo. Nlimfikiria mama yangu peke yake Malindi. Nlijifikiria na mie, tusidanganyane, nlijifikiria zaidi.

Nkasema, "Sikula. Nlikuwa kazini."

Yule mtu akamgeukia Bi Mize. "Kweli huyu hakula?"

Bi Mize akainua uso. Alinitazama kama alivyonitazama siku ile ya mboga.

"Kweli," akasema. "Hakula. Wala yule dereva."

Wakanambia nende zangu. Nkatoka nje, jua kali, watu wanapita na vikapu vyao.

Bi Mize alifungwa. Upande wa mwanamume ukatafuta udhuru, posa ikarudishwa, watu waliogopa kuingia nyumba yenye kesi. Kazi yangu sikuipoteza. Niliendelea kutembeza watu kwenye magofu na kuandika ripoti za mistari mitano. Bosi aliniuliza siku moja mbona siku hizi kalamu imekauka.

Na nyumbani kuna lile bakuli.

Mama hakujua kitu. Nlimficha. Kila akipata kitu kizuri, visheti viwili, kipande cha halua, anasema, "Chukua bakuli la Bi Mize ulipeleke." Mie nasema wiki ijayo, gari hakuna, kazi nyingi. Akinishikilia nalichukua, vile vitu navila njiani au nampa mtu. Bakuli nalirudisha kabatini usiku akilala, asubuhi namwambia Bi Mize kalirudisha na salamu. Nasema alitutilia na chakula, mie nimekila njiani. Mama anafurahi, anasema yule mwanamke ni mtu wa watu. Alikufa na imani hiyo, na bakuli likiwa kabatini.

Baada ya arubaini ya mama nkasikia Bi Mize katoka. Nkachukua mchele wangu wa mgao, wote, nkatia kwenye lile bakuli, nkafunga kwa leso, nkaenda.

Asha ndiye aliyekuwa barazani. Nkatoa salamu. Akainuka akaingia ndani, hakuitikia.

Bi Mize akatoka. Kakonda, meno ya mbele hana. Nkasema, "Shikamoo." Akaitikia, "Marahaba," akanikaribisha mkekani, ule ule. Nkalia, sikuweza kujizuia. Akaniacha nilie mpaka nikamaliza, hakunibembeleza.

Nkamuuliza lile lililokuwa likinila siku zote. Kwa nini alisema sikula?

Akaniambia, "Ulikuwa mgeni wangu. Mie simtoi mtu aliyekula kwangu."

Nkamsogezea bakuli. Akalifungua, akaona mchele. Aliutazama, kisha akauliza, "Mama yako aliupata ule ukoko?"

Nkamwambia aliupata, na kwamba alisema una mkono, na kwamba ameshakufa. Akamwombea rehema. Palepale akachukua ile leso yangu, akamiminia mchele wote ndani yake, hata punje haikuanguka. Akaifunga fundo, akanirudishia mapajani.

"Mie mchele niliacha kula," akasema. "Bakuli langu nimelipata."

Akainuka nalo akaingia ndani.

Sikurudi tena Mangapwani. Wageni waliofuata niliwaishia Kidichi, nawaambia barabara ya mbele mbovu.

Funzo langu, wakuu, ni hili, na si la siasa, wa siasa mnajijua. Ukilishwa na mtu katika shida, kula, shukuru, unyamaze. Si kila kizuri ulichokiona ni cha kuhadithia. Mie sikuwa na chuki na Bi Mize hata chembe. Nlitaka kusifiwa tu.

Kama kuna humu mwenye wazee wa Mangapwani waliowahi kukaa jirani na mpishi mjane mwenye binti mmoja, asinitajie jina hadharani. Aniambie tu hapo chini kama Asha aliolewa. Na wengine mlioishi miaka ile semeni yenu, hata ya kunitukana nitayasoma yote.

Ile ripoti yangu sijui iko kabati gani hivi sasa, kama panya hawajaila. Nataka kurekebisha fungu la tatu.

Wageni watatu walilishwa na Bi Mize, kwa amri yetu. Na mie nlikula.