Lenzi Kwenye Debe la Mbegu

Hata leo nikinusa spiriti, miguu hainitulii. Spiriti na maharage yanayochemka: ndiyo harufu ya nyumba yetu Mbulu, miaka ile watu walipokuwa wakihamia vijiji vya Ujamaa.

Baba alikuwa daktari aliyehamishiwa huko kutoka Upare, na kiti hakikumjua. Asubuhi alitibu wagonjwa. Mchana alipanda baiskeli kwenda vijiji vya Daudi au Endagikot, akitaka kujua kwa nini homa ya papasi, wale kupe wa sakafuni, ilirudi katika nyumba zilezile hata zikipigwa dawa. Watu waliikwepa sindano yake ya kutolea damu mpaka alipojifunza kumchoma ndama kwanza. Ndama akitulia, mwenye nyumba naye aliona aibu kukimbia. Jioni aliichunguza damu hiyo kwa hadubini, vidole vya zambarau kwa rangi ya kuwaonyesha wadudu, akiniita nichungulie.

"Umewaona wadudu?"

"Nimewaona, baba."

Mwongo mkubwa mimi. Niliona kope zangu tu.

Kisha ikaja barua. Chuo cha udaktari huko pwani kilimtaka akakiongoze, maana nchi changa ilihitaji madaktari wake wenyewe. Mama, ambaye alikuwa mwalimu, angebaki nami hadi shule zifungwe. Wiki nzima baba alifungasha vitabu, akavifungua, akavifungasha tena, mpaka mama akamwambia achague moja kwani tumechoka kuruka masanduku.

Mama Paskalina wa Endagikot alipopata habari alikuja kwa miguu. Hakukubali hata chai.

"Daktari, umechukua damu ya watoto wangu, umechukua na ya ndama wangu. Sasa unaondoka kabla hujatuambia imesema nini?"

Baba aliinama kufunga kamba za viatu ambazo hazikuwa zimefunguka. Kuona hivyo nikaogopa.

Mchana huohuo nilifungua lenzi kubwa ya hadubini, ile ambayo bila yake wadudu hawaonekani, nikaizika kwenye debe la maharage ya mbegu. Bila lenzi hakuna kazi, na bila kazi safari ya nini? Nilijiona mwerevu kupita walimu wangu wote.

Siku ya safari, Landrova ikinguruma nje, baba alifungua sanduku la hadubini. Alilitazama kwa muda mrefu. Akalifunga, akanipapasa kichwa, akaenda. Nililia kwa hasira, maana niliamini hata hakuona pengo.

Tulipomfuata pwani, lenzi nikiwa nimeificha ndani ya soksi, tulimkuta nyuma ya mafaili. Mchana kutwa ilikuwa vikao, mitihani, mabweni ya wanafunzi na simu. Hadubini ilikaa juu ya kabati, ikipata vumbi. Vidole vyake vilikuwa safi, na usafi huo uliniudhi.

Nilikuwa karibu kumaliza sekondari nilipoiweka lenzi mezani pake na kukiri. Aliigeuzageuza.

"Nilijua tangu asubuhi ile."

"Sasa mbona hukuuliza, baba?"

"Ningeuliza, ungenipa. Halafu ningerudi Mbulu kufuata nini?"

Hakurudi. Madaktari wengi wametoka mikononi mwake, nami najivunia hilo bila kificho. Lakini Mama Paskalina hakuambiwa kamwe damu ile ilisema nini, na hilo bado linaniuma. Miaka yote ile nilidhani katika nyumba yetu ni mimi tu niliyetaka baba abaki. Kumbe tulikuwa wawili.