Watawala Tisa wa Juu ya Mawingu

Kanisani kwetu, nje kidogo ya Mutomo, mtu asiye na ushuhuda alikuwa kama mtu asiye na nguo. Kila Jumapili watoto walisimama mmoja mmoja: Bwana asifiwe, nimeokoka, nampenda Yesu, nilikuwa mwizi wa sukari lakini sasa nimeacha. Makofi. Mimi nilikuwa na miaka tisa na sukari sikuwa nimeiba, kwa sababu Mama aliifungia ndani ya sanduku. Sikuwa na dhambi ya maana, na jambo hilo lilinikera ajabu.

Nilichokuwa nacho ni kaka yangu. Alikuwa na miaka kumi na mitatu, na tulipochunga mbuzi alinitungia ukoo mzima wa watawala walioishi juu ya mawingu na kuendesha dunia zote, hii yetu ikiwa ndogo na iliyosahaulika kuliko zote. Walikuwa tisa. Wa kwanza alijizaa mwenyewe kwa sababu ya upweke. Wa tatu aliumba jua kwa bahati mbaya, akitafuta moto wa kuota. Wa saba, mwanamke mkali, aliifungia mvua chunguni siku aliyokosana na dada zake, ndiyo maana Mutomo ni kukavu. Hawakufa. Mtawala akizeeka alipungua, akapungua, mpaka akaenea ndani ya sikio la mjukuu aliyepewa jina lake, akawa anamwongoza kutoka humo. Hata miungu yake, unaona, ilipeana majina kama sisi Wakamba. Aliandika yote kwenye madaftari matatu ya shule, na michoro juu, na ni mimi peke yangu niliyesomewa.

Malishoni kulikuwa na jiwe kubwa. Tulilifanya kiti chao, tukawa tunamwaga maziwa kidogo chini yake ili yule wa saba apoe hasira. Tulikuwa tunacheza, jamani. Watoto wengine walicheza kalongo, ule wa baba na mama, sisi tulicheza hivyo.

Jumapili moja msichana wa rika langu alishuhudia kwamba ameacha kumtukana nyanya yake. Akapigiwa makofi na vigelegele. Nilishindwa kuvumilia, nikasimama. "Bwana asifiwe. Mimi nilikuwa naabudu watawala tisa wa juu, nikiwamwagia maziwa kwenye jiwe, lakini leo nimeacha."

Hakuna aliyepiga makofi. Mwanamke mmoja huko nyuma alipaza sauti, "Shindwe!" Pasta aliinama mpaka usawa wa uso wangu, akaniuliza kwa upole ni nani aliyenifundisha. Nikamnyooshea kaka yangu kidole.

Sikujua jiwe na maziwa vilimaanisha nini kwao. Babu yake Mama alikuwa mtunza ithembo, pale wazee wa zamani walipotoa sadaka kuomba mvua, na Mama aliokoka kwa machozi ili atoke katika mambo hayo. Sisi hatukuwa tumeambiwa, hata kaka yangu. Lakini Mama alipomtazama pale kwenye benchi aliona damu ya babu yake imerudi. Hofu niliyoiona usoni mwake sijaiona tena kwa mtu yeyote.

Wazee wa kanisa walikuja nyumbani, wakamwombea siku tatu bila kumpa chakula. "Ni hadithi tu," alisema. Wakasema huyo ni pepo anajitetea. Kadiri alivyokana ndivyo walivyozidi kukemea. Siku ya tatu akasema ndiyo, walikuwa mashetani. Mama akalia kwa furaha, akamkumbatia, akampa kiberiti achome madaftari kwa mkono wake mwenyewe. Aliyachoma ukurasa kwa ukurasa. Nilikuwa nimesimama mlangoni, na ningeweza kusema: nilidanganya, hatukuabudu chochote, nilitaka makofi. Nilinyamaza, mjinga mimi, kwa sababu niliogopa kuchapwa.

Yangeishia hapo pengine angepona. Lakini ushuhuda wake ulikuwa mtamu mno. Wakaanza kumzungusha, Kitui mjini, Mwingi, hadi Matiliku kule Makueni: mtoto aliyekombolewa kutoka kwa wakuu wa anga. Mikutanoni watu walitaka zaidi, naye akawapa zaidi. Yule wa kwanza, mpweke wa watu, akaota pembe. Yule wa saba akawa anakunywa damu ya watoto. Nilimsikiliza akiwaharibu mmoja baada ya mwingine kwa sauti ile ile aliyonisomea malishoni. Alipofika kidato cha pili alikataa kushuhudia tena, na nyumbani akawa haongei ila kwa lazima.

Mimi niliolewa Matiliku. Mwaka jana mtoto mmoja alisimama kanisani akashuhudia kwamba ameokolewa kutoka kwa kitu alichokiona ndotoni, na mimi, mtu mzima, nikatoka nje nikalia nyuma ya choo. Wiki hiyo hiyo nikaenda Mwingi, ambako kaka yangu hununua mbuzi na kuwapakia kwenye malori. Nilimkuta sokoni akimpapasa beberu mgongoni. Tukaingia hotelini, tukaagiza chai, nikamwambia yote: kwamba nilidanganya, kwamba nilimuuza kwa makofi ambayo hata sikuyapata. Nikamwomba anisamehe.

"Wacha hayo, dada yangu, yalipita," alisema. Kisha akauliza, "Kwani hao watawala walikuwa akina nani?"

Nilidhani ananitania. Wapi! Alikumbuka pembe, alikumbuka damu na vipaza sauti. Ya kabla ya hapo, hakuna kitu.

Basi nikamsimulia. Nilianza na wa tano, niliyempenda kuliko wote, aliyeoa upepo halafu akawa kila jioni hamkuti nyumbani. Chai ikapoa mbele yake. Uso wake ulifunguka kwa namna niliyokuwa nimeisahau, akacheka pale pa kucheka, nikasema moyoni, Mungu wangu, anarudi.

"Hiyo ni tamu," alisema nilipomaliza. "Uliitunga wewe?"

"Ni yako. Ni wewe uliyeitunga."

Alitikisa kichwa, akainuka kuwarudia mbuzi wake. "Si mimi, dada," alisema. "Mimi sijawahi kuwa na akili ya namna hiyo."