Kofia ya Zahoro

Zahoro alitaka aitwe Shujaa, na Kariakoo nzima hakuna aliyelistahili jina hilo kidogo kuliko yeye. Barazani kwenye kahawa alisimulia vita ya Wajerumani kana kwamba aliimaliza peke yake. Ukweli tuliujua. Waingereza walimchukua kubeba mizigo, siku ya tatu akatoroka, akajificha Bagamoyo kwa shangazi yake mpaka bunduki ziliponyamaza. Wenzake wengi walifia porini na mizigo kichwani. Yeye alirudi amenenepa.

Mkewe, Sitara, alikuwa mshonaji wa kofia, na kofia hizo ndizo zilizomlisha Zahoro.

Mwaka 1931, adhuhuri moja ya kaskazi, moto ulishika paa la makuti la nyumba yao. Sitara alikuwa bombani akichota maji. Aliporudi mbio alimkuta mumewe nje, amekumbatia sanduku la nguo zake.

"Mama yuko wapi?"

"Nimemwambia atoke. Anakuja."

Bi Mwanamkuu, mama yake Sitara, alikuwa hawezi kutembea, na Zahoro alilijua hilo vizuri. Sitara alijimwagia ndoo ya maji, akaingia. Alitoka akimburura mama yake, mkono wake wa kushoto umeungua mpaka kiwikoni. Zahoro bado alikuwa ameshika sanduku.

Hazikupita wiki mbili, barazani alikuwa akieleza jinsi alivyomwokoa mkwewe. Kisha akamwambia mkewe, "Sikukuu nataka kofia mpya. Unishonee neno *shujaa* kwa herufi za Kiarabu, hapa mbele."

Katika chuo cha Kurani Zahoro alikuwa mtoro, hakujua hata herufi ya kwanza, alifu. Sitara naye hakufundishwa kuandika. Akaenda kwa Ubeid, Mwarabu mzee aliyeuza nyuzi karibu na soko.

"Shikamoo, Bwana Ubeid."

"Marahaba, mwanangu. Mkono unaendeleaje?"

"Unapona. Nataka uniandikie neno *shujaa*, nilifuatishe kwa sindano. Lakini kwanza niambie, maana yake nini hasa?"

Ubeid alipenda kuulizwa mambo kama hayo. "Limetoka Arabuni. Ni mtu ambaye moyo wake haurudi nyuma mbele ya hatari. Waarabu wa kale walimwita hivyo hata nyoka wa aina fulani."

"Na *jasiri*?"

"Hilo nalo la kwetu. Ukoo wake ni mmoja na neno *jisri*, daraja. Ni kuvuka. Jasiri ni aliyevuka pale wenzake waliposimama." Alimtazama ule mkono uliofungwa kitambaa. "Kofia ya nani?"

"Ya mume wangu."

Mzee akaweka kalamu chini. Habari za moto alikuwa nazo.

"Na anayekimbia," Sitara akauliza, "Waarabu wanamwitaje?"

"*Jabani*."

"Basi niandikie hilo."

"Mwanangu, mimi nauza nyuzi tu."

"Na mimi nanunua."

Akaliandika, kubwa na wazi.

Siku ya Idi Zahoro alitembea Mnazi Mmoja kifua mbele, kofia nyeupe, neno limeshonwa kwa uzi wa kijani. Kila aliyepita chuoni alilisoma. Wazee waliziba midomo. Watoto walilisoma kwa sauti, silabi kwa silabi, kama walivyofundishwa. Alidhani wanamsifu, akawapungia mkono. Ilibidi Humoud muuza halua amvute kando amwambie.

Alirudi nyumbani kichwa wazi. "Umeandika nini?"

"Nimeandika jina lako," Sitara akajibu.

Akampa talaka moja, kisha akaketi kungoja aombwe radhi. Sitara alikuwa ameshafunga virago. Alihamia Ilala na mama yake kwenye chumba kimoja, akaendelea kushona, ingawa mkono ule haukunyooka tena. Bi Mwanamkuu aliishi miaka minne zaidi.

Zahoro alikwenda Kilosa, ambako hawamjui. Nasikia huko ameshaua simba wawili.