Mgonjwa wa Mtihani

Mzee Werema wa Nyambureti hajawahi kukalia dawati la chuo chochote, lakini matabibu wengi wanaotibu watu Tarime na Serengeti wamepita mikononi mwake. Au tuseme ukweli: yeye ndiye aliyepita mikononi mwao, kifua wazi, kalala chali.

Ilianza mwaka 1983. Werema alikuwa kijana wa miaka ishirini na sita, na kikohozi kilikuwa kimemng'ang'ania wiki tatu. Ndugu zake wakamleta Tarime mjini, kwenye hospitali ya misheni. Siku hizo hospitali ilikuwa na wodi mbili, kisima kimoja, na chuo cha matabibu kilichofunguliwa mwaka uliotangulia. Asubuhi moja mwanachuo mmoja, Joel, akatumwa kumsikiliza moyo. Akaweka kile kipimo cha masikioni upande wa kushoto wa kifua. Kimya. Akasogeza juu. Kimya. Akakipiga kipimo kwenye goti lake, akajaribu tena, halafu akaita kwa sauti iliyosikika hadi jikoni:

"Mwalimu! Huyu hana moyo!"

Werema alikuwa anakunywa uji. Akashusha kikombe. "Hana nini?"

Mwalimu wao, Daktari Ochieng, alikuja amekasirika. Akamnyang'anya Joel kipimo, akasikiliza mwenyewe, naye hakusikia kitu. Ndipo akahamia kulia, na huko akaukuta moyo unadunda kwa raha zake kana kwamba hakuna aliyekuwa akiutafuta.

Wakampeleka kwenye mashine ya eksirei, ambayo ilikuwa na mwezi mmoja tangu ifike. Fundi alipoona picha akasema ameigeuza kwa bahati mbaya. Akapiga ya pili. Ya tatu akamwambia, "Mura, kijana wee, simama vizuri, unaniharibia kazi." Daktari Ochieng ndiye aliyemwokoa.

"Huna ugonjwa zaidi ya hicho kikohozi," alimwambia. "Vitu vyako vyote vipo, ila vimepangwa kinyume. Moyo kulia, ini kushoto. Ni kama unavyojiona kwenye kioo."

"Nitakufa lini?"

"Utakufa kama watu wengine. Ila mwezi wa nane uje, tuna mtihani."

Bhoke, mkewe, alipoelezwa habari hizo hakushtuka. Alisema siku zote alijua kuna kitu kimepangwa vibaya ndani ya mwanaume huyu, ila hakudhani ni moyo.

Basi kila Agosti ikawa ndiyo kazi. Barua ilikuja kupitia ofisi ya kata, Werema akaoga, akavaa singlendi nyeupe, akaenda Tarime kuwa mgonjwa. Wanachuo waliingia mmoja mmoja, wakamgusa, kisha wakamweleza msimamizi walichokiona. Wengine walisikia moyo kushoto, mahali ambapo haupo, na wakahesabu hata mapigo yake. Hao Werema aliwahurumia kuliko wote.

Kwa miaka arobaini aliiona hospitali ikikua akiwa kitandani. Alilala kwenye wodi ya bati lililovuja, akalala kwenye wodi ya vigae. Alipigwa picha na mashine ya kwanza, na ya pili iliyokuwa ikizimika umeme ukikohoa, na hii ya sasa ya kompyuta. Chuo kilipopandishwa hadhi na hospitali ikaanza kupokea madaktari wa mafunzo kutoka vyuo vikuu, mkuu wa hospitali alihutubia akataja wamisheni, wafadhili na serikali. Werema alikaa mstari wa pili akingoja jina lake. Halikutajwa. Aliporudi nyumbani alimwambia Bhoke kwamba historia ya hospitali ile imeandikwa na watu ambao hawajawahi kubonyezwa tumbo.

Alikuwa na kosa moja tu. Mwaka 2001 aliingia msichana aitwaye Eunice, anatetemeka mpaka kipimo kinagonga vifungo vya koti lake. Akaweka kushoto. Macho yakamjaa machozi. Werema akakohoa, akajikuna kifua upande wa kulia. Akajikuna tena. Msimamizi akauliza, "Mzee, una upele?" Lakini Eunice alikuwa ameshahamia kulia, na uso wake ukafunguka kama mlango. Werema akapewa onyo la kujikuna wakati wa mtihani.

Mwaka jana, mwezi wa tano, tumbo likamshika kwelikweli. Lilianzia kitovuni, likashuka chini kushoto, likakaa hapo. Robi, binti yake, akamfikisha Tarime saa nne asubuhi. Zamu ilikuwa ya Daktari Vicent, kijana aliyekuja mafunzoni wiki ile ile, mpole, mwenye kalamu tatu mfukoni.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Ni kidole tumbo."

Vicent akatabasamu. "Tuache tupime kwanza, mzee wangu." Akabonyeza kulia. "Hapa panauma?"

"Hapana. Bonyeza huku."

Akabonyeza kushoto. Werema akamshika mkono asiubonyeze tena.

"Sasa mzee, kidole tumbo kinakaa kulia," Vicent alisema kwa upole. "Huku mara nyingi ni choo kigumu. Jana ulikula nini?"

"Mura, mimi nimepangwa kinyume! Nenda kaangalie picha!"

Vicent, kwa kuwa alikuwa mtu wa haki, akaagiza picha ya kifua. Happy, binti wa eksirei, naye alikuwa mgeni. Aliona moyo uko kulia kwenye kompyuta, akaguna, akadhani amekosea, akabonyeza kitufe kimoja, picha ikageuka. Vicent akaletewa kifua safi chenye moyo kushoto.

"Umeona mzee? Uko kawaida kabisa."

Werema alikaa kitandani ijapokuwa kukaa kulimuuma. Miaka arobaini amekuwa wa kinyume, leo mtoto wa juzi anamwambia yuko kawaida! Robi anasema hajawahi kumwona baba yake amekasirika vile, hata siku walipoibiwa ng'ombe.

"Leta hicho kipimo," alisema. "Weka kushoto. Unasikia nini?"

"Nasikia... kwa mbali."

"Weka kulia."

Vicent akaweka kulia. Kalamu moja ikaanguka. Alitoka mbio, na aliporudi alikuwa nyuma ya daktari bingwa wa upasuaji, mama mnene mwenye miwani. Alipomwona mgonjwa akasimama.

"Mwalimu!"

"Eunice," alisema Werema. "Niambie wewe. Ni nini?"

"Kidole tumbo, Mwalimu. Cha kushoto."

Ndani ya saa moja alikuwa chumba cha upasuaji, wanachuo wamesongamana ukutani wakinyoosha shingo. Alipozinduka swali lake la kwanza halikuwa kama atapona.

"Walikuwa wangapi?"

"Kumi na tisa," Daktari Eunice akajibu.

Uzee ukamjaa usoni. "Miaka arobaini nafundisha," akasema, "na siku ya somo kubwa kuliko yote mimi ndiye niliyelala!"

Vicent alikuja kumwomba radhi kila asubuhi kwa siku nne, mpaka Bhoke akamwambia inatosha, kwa sababu mzee ameanza kuizoea.

Agosti ilipofika Werema alikwenda kama kawaida, akakuta benchini mtu mwingine amevaa singlendi nyeupe. Ni Felix, mchimbaji kutoka Kewanja, mwenye moyo unaopiga mluzi. Chuo kilikuwa kimeongeza mgonjwa wa pili. Werema alimsalimia kwa kifupi. Lakini Felix alikuwa na hofu.

"Watanifanya nini, mzee?"

"Watakugusa. Mikono yao ni baridi, usiruke. Wakisema uongo juu yako, vumilia."

"Wakiniuliza naumwa nini?"

"Sema hujui." Werema akashusha pumzi. "Hilo ndilo gumu."

Felix akaitwa chumba cha kwanza, Werema cha pili. Mwanachuo aliyeingia kwake alikuwa mrefu, mwenye mikono ya barafu. Akatazama tumbo, akakuta kovu bichi upande wa kushoto.

"Mzee, hili kovu ni la nini?"

Werema akafumba mdomo kwa nguvu zote.

"Hukumbuki?"

Msimamizi alikuwa anamtazama. Werema akageuza uso ukutani, akaitia mikono yote miwili chini ya mgongo asije akajikuna.