Programu ya Zamani Ilivyomfuta Dada Yangu

Msomaji mwenzangu, kosa ni langu. Usimtafute mwingine.

Nilikuwa nachoma CD hapa Morogoro mjini, enzi zile biashara ilipokuwa huria na kila mtu akawa na kibanda chake. Shule niliishia la tatu. Kizungu sikijui. Programu ya kuchomea niliikariri tu: bonyeza kidude chekundu, kisha cha tatu kutoka juu, subiri mlio. Harusi ngapi nimechoma hivyo! Hata ile ambayo bwana harusi alianguka na keki... basi, tuyaache hayo.

Dada yangu mkubwa alikaa Mgeta. Sisi Waluguru shamba linafuata upande wa mama, na yeye ndiye aliyejua mipaka yetu yote. Alipoanza kuumwa nikapanda huko na kamera. Akatembea na fimbo akionyesha: jiwe hili, mfenesi ule, chemchemi hii yetu.

"Mdogo wangu, wanangu hawayajui haya. Nitunzie."

Nikaingiza picha kwenye kompyuta mpya. Lo! Ilikuja na programu mpya, vidude vimehamishwa vyote! Niliona aibu kuuliza. Nikaibeba kompyuta hadi duka la intaneti, nikamwambia binti wa pale anishushie ile ya zamani.

"Babu, hii imepitwa na wakati, na tovuti yenyewe siiamini. Utabeba virusi."

"Weka, mwanangu. Mimi nimechoma nayo harusi ya mama yako!"

Akacheka. Akaweka.

Nikachoma. Mlio ukalia. Kwa kawaida yangu, mlio ukishalia mkanda wa kamera nautumia tena. Nikarekodia kipaimara juu yake. CD sikuijaribu hata. Siku ya tatu kompyuta ikazima. Fundi akasema virusi vimekula kila kitu. Sikushtuka. CD si ninayo?

Dada akafariki. Matanga yalipoisha tu, jirani akadai chemchemi ni yake. Kikao kikaitwa. Televisheni na deki vikawekwa uani, jenereta ikawashwa, wazee wa pande zote mbili wakakaa. Nikatia CD.

Bluu tupu.

Nikaitoa, nikaifuta kwa shati, nikairudisha. Bluu.

Mpwa wangu, binti wa marehemu, akauliza, "Mjomba, mbona mama hatokei?"

Jirani hakucheka. Alisema tu, "Basi."

Sikulia. Mpaka leo silii, sijui kwa nini. Nimekaa tu kama gogo. Maneno yangu matupu wazee hawakuyapokea; wapwa zangu sasa wanapiga hodi kwa jirani ndipo wateke maji ya mama yao. Mimi wananiamkia vizuri, shikamoo mjomba, naitikia marahaba. Hakuna aliyenigombeza. Heri wangenigombeza!

Wewe unayeshusha kitu cha zamani kwa sababu mkono umekizoea, uliza! Hata kama wa kumuuliza ni binti mdogo, uliza! Na mlio usiuamini: programu ile ililia tu, kwenye CD haikuandika kitu. Icheze CD, uione kwa macho yako, mkanda ukiwa bado mkononi.

Mimi nilingoja mpaka watu wakae.